Pepo tuliyemkemea kwenye handaki la Donholm alijua jina langu

Wakuu, niaje. Hii sikusimuliwa, ilinipata mwenyewe. Asiyeamini aje Donholm nimwonyeshe mfuniko.

Sisi ni Wakamba. Kabla uoe lazima upeleke mbuzi wa ntheo kwa wazazi wa msichana, na kwetu mbuzi hao huchaguliwa na mjomba, si wewe.

Mjomba wangu Mutua ni mchonga vinyago, mtu wa maneno machache. Ndiye aliyenilea baba alipofariki. Ijumaa asubuhi akaenda soko la mbuzi la Kiamaiko kuchagua mbuzi wa mwisho.

Hakurudi. Simu yake, mteja hapatikani. Tukazunguka polisi na hospitali, wapi.

Jumamosi ndiyo ilikuwa siku yenyewe ya kwenda kwa wakwe. Wazee wameshavaa makoti, mjomba hayuko. Mimi kula sikuweza.

Sasa, katikati ya ua wa ploti tunayokaa kuna mfuniko wa chuma. Chini kuna mahandaki ya zamani, na hakuna anayejua yalichimbwa na nani wala yanaishia wapi. Ukiongea hapo sauti inaenda tu, haipotei. Tumezoea.

Mchana huo mfuniko ukaanza kulia kama mbuzi.

Halafu ikaja sauti ya mtu, nzito, kama anaongea ndani ya tangi la maji.

Mnajua vile tuko huku Eastlands. Hakuna aliyeuliza ni nani. Jirani yangu Mama Ndung'u, kiongozi wa maombi hapo ploti, akaleta spika ya kanisa na pakiti ya chumvi. Tukazunguka mfuniko tukikemea. Nami nilikuwemo, tena napiga makofi kuliko wote.

Tukikemea, mbuzi analia zaidi. "Mnasikia anavyoteseka?" Mama Ndung'u akasema, akaongeza sauti ya spika.

Alipofunga maombi, kule chini ikaitikia, polepole, "Amina."

Wakuu, tulitoka mbio. Kuna mzee mmoja hulalamikia goti kila siku, huyo aliruka ukuta.

Tuliporudi tukinyemelea, sauti ikaniita. "Musyoka."

Wenzangu wakanishika, wakanilaza hapo chini na kunimwagia chumvi, eti pepo ameshanichagua. Sikio langu likawa juu ya mfuniko kabisa.

"Musyoka, mbuzi huyu ni wa mabaka. Mama mkwe wako alikataa mweusi."

Hayo yalisemwa sebuleni kwetu, tukiwa mimi, mama na mjomba peke yetu.

"Mjomba, uko wapi?"

"Kiamaiko. Nyuma ya zizi. Ardhi ilititia, nikaingia na mbuzi."

Kiamaiko na Donholm, wakuu. Hata na bodaboda si karibu.

Tulipofika, nyuma ya zizi ni taka na mabati matupu, shimo limeshajifukia halionekani. Nikaita mpaka koo likakauka. Kimya. Wauza mbuzi wameshinda hapo tangu Ijumaa na hawajasikia hata kikohozi. Yaani juu ya kichwa chake husikii kitu, ila Donholm unamsikia akipumua.

Ikabidi nimpigie Mama Ndung'u, ambaye alibaki kwenye mfuniko. Sisi tunagonga ardhi, yeye anatuambia.

"Anasema hasikii. Sogeeni."

"Bado."

Kisha akaanza kulia kwenye simu. "Hapo. Anasema mchanga umemwangukia usoni."

Tukachimba kwa mikono na majembe ya watu. Alitoka mguu umevunjika na midomo imepasuka, mbuzi wa mabaka amemlalia kifuani.

Kwenye gari nikamuuliza kwa nini hakutaja jina lake mapema.

"Nilitaja," akasema. "Kila nikitaja, mliongeza sauti. Nikasema nitaitikia Amina, labda mjue mimi ni Mkristo. Mkakimbia."

 

Nilichojifunza, kabla ukemee sauti, iulize jina na unyamaze ujibiwe. Mama Ndung'u siku hizi hapiti mfuniko ule bila kuinama na kuuliza, "Kuna mtu?" Halafu anangoja, hata kama mboga zinaungua.

Nyinyi wa mitaa ya huku, kwenu kuna mfuniko? Mliwahi kusikia nini, na mlifanya nini? Semeni ukweli.