Gitaa la Eliya Ndani ya Simu

Nassibu Uwesu wa Chemchem alipiga kinanda kwa mkono mmoja. Ule wa kushoto kiharusi kilimnyang'anya miaka mitatu iliyopita, na tangu hapo ulilala pajani mwake kama wa mtu mwingine. Siku za kawaida alimsaidia mkewe, Najiat, kwenye duka lao la vipuri vya baiskeli. Siku za harusi alibeba kinanda na simu. Ndani ya simu mlikuwa na programu inayotoa besi, ngoma na gitaa, naye alijazia kwa mkono wa kulia.

"Hawa ndio wenzangu," aliwaambia waliomshangaa, akiigonga ile simu.

Mmoja wao alikuwa mwenzake kweli. Eliya alimpigia gitaa kwa miaka ishirini na miwili, kuanzia kwenye bendi ya mjini Tabora mpaka bendi ilipokufa. Mwaka jana, saratani ikiwa imemmaliza, alimwita Nassibu nyumbani kwake Igalula. Alikuwa ametunga wimbo wa kumwingiza binti yake, Advera, ukumbini siku ya harusi yake. Aliketi kitandani, mito mgongoni, akaupiga mara moja tu, na Nassibu akamrekodi ndani ya ile programu. Mwishoni kikohozi kilisikika, kisha sauti ya Eliya: "Basi. Hapo panatosha." Wiki tatu baadaye walimzika.

Sasa ilikuwa Jumamosi ya harusi. Wakati ibada ikiendelea kanisani, jengo la pili tu, Nassibu alikuwa ukumbini kule Igalula akijaribu mitambo. Aliuanzisha wimbo. Gitaa likaingia, tamu, likaenda kama dakika moja, likakatika.

Akaanza upya. Likakatika palepale.

Akabadilisha waya. Akazima simu, akaiwasha. Akafunga kila kitu kingine kilichokuwa wazi. Dakika moja, kisha kimya. Nyumbani alikuwa ameurudia wimbo huo wiki nzima, asubuhi na jioni, akijifunza sehemu yake ya kinanda, na haukukatika hata mara moja.

"Mzee, hiyo programu imeharibika," alisema Godbless, mshereheshaji, aliyekuwa akifunga spika zake pembeni. "Yangu iliwahi kunifanyia hivyohivyo. Ifute, uipakue upya. Itatulia."

Nassibu alisita. Kanisani kwaya ilikuwa imeanza wimbo mwingine, na hakujua zimebaki ngapi. Akabonyeza. Simu ikamuuliza kama ana hakika. Akabonyeza tena.

Mle ukumbini mtandao ulikuwa hafifu, ikabidi aende mpaka karibu na stesheni ya reli, mkono mmoja umeinua simu juu, mwingine ukining'inia. Programu ilishuka kidogokidogo. Ilipomaliza aliifungua palepale juani.

Ilikuwa tupu. Nyimbo zake arobaini na moja hazikuwemo. Aliteremka hadi chini kabisa, akapanda, akateremka tena. Akatafuta kwa jina: Eliya. Simu ikamjibu kwamba hakuna kitu.

Alikaa chini kwenye kokoto, na suruali yake ya sherehe, akampigia Majidi, fundi simu wa mjini.

"Ulikuwa umenakili mahali pengine?" Majidi aliuliza.

"Sikunakili."

"Hata kwenye kadi ya kumbukumbu?"

"Majidi, nimekwambia sikunakili!"

"Vitu vya humo huondoka na programu yenyewe, mzee wangu. Niletee Jumatatu nijaribu. Ila siahidi kitu."

Alirudi ukumbini, akatafuta ngoma za kawaida zinazokuja na programu, akazijaribu ili angalau apate kitu. Dakika moja, zikakatika. Kwa hiyo hata kufuta hakukusaidia lolote. Betri nayo ilikuwa inaisha, akaichomeka simu kwenye chaji huku akitukana chini kwa chini. Ngoma zikaanza, zikaenda dakika moja, mbili, tano. Alibaki ameikodolea macho.

Nyumbani alikuwa akifanya mazoezi simu ikiwa kwenye chaji, siku zote. Alifungua mipangilio. Juzi simu ilijisasisha yenyewe, na humo akakuta kitufe cha kubana matumizi ya betri kimewashwa. Kioo kikizimika na simu haiko kwenye chaji, simu nayo inaizima programu. Kilikuwa kitufe kimoja tu. Alikizima. Kila kitu kikafanya kazi, na gitaa halikuwepo tena.

Katarina, mjane wa Eliya, aliingia kuangalia meza ya maharusi. Alipomwona alivyokaa, alisimama.

"Shemeji, unaumwa?"

"Shemeji, gitaa la Eliya nimelifuta." Alimweleza yote, hakujitetea.

Katarina alishika kiti. Kisha akasema, kwa sauti ndogo sana, "Mimi nilikuwa nalisubiri hilo tu. Haya mengine yote nilikuwa nayavumilia."

"Nisamehe."

"Leo siwezi." Alijifuta uso kwa upande wa kitenge. "Na Advera usimwambie. Mwache aolewe."

Saa nane maharusi waliingia. Nassibu aliwasha ngoma, akaucheza wimbo wa Eliya kwa vidole vitano, jinsi alivyoukumbuka. Wageni walipiga vigelegele. Advera alitembea taratibu, akazigeukia spika mara moja, akazigeukia tena, halafu akatazama mbele.

Majidi aliihangaikia simu siku nne. Hakupata kitu.

Wiki iliyofuata Nassibu alirudi Igalula, nyumbani kwa Katarina. Advera, aliyekuwa amekuja kumwona mama yake, alitoka kumpokea.

"Shikamoo, baba mdogo."

"Marahaba, mwanangu. Nimekuja kukuambia jambo."

"La gitaa? Mama ameniambia." Alimpa kiti, naye akakaa chini, mkekani. "Ukumbini nilidhani umepunguza sauti. Nikawa nangoja uiongeze."

Machozi yalimtiririka Nassibu mbele ya yule binti, na mkono pekee wa kuyafutia ulikuwa umeng'ang'ania kiti. Advera hakumbembeleza. Baada ya kitambo alimwuliza kama sehemu ya katikati, ile ambayo baba yake alikuwa akiirudia, anaikumbuka vizuri. Nassibu alisema anaikumbuka, ila si yote. Advera akaingia ndani kumwita mama yake. Katarina alikawia sana. Mwishowe alitoka, akakaa mbali nao, karibu na mlango, akamwambia Nassibu aanze kuimba pale anapopakumbuka.

Walifika nusu ya wimbo. Iliyobaki hakuna aliyekuwa nayo.