Faini ya Tetea

Mume wangu alirudi kutoka vita vya Kagera bila mkono wa kulia. Nyumba yetu, kijijini kwetu jirani na Misima, ilikuwa imeangushwa na masika, nami na watoto tumejibanza kwa mama mkwe. Wanakijiji wakaitisha msaragambo, kazi ya wote kwa mmoja. Wanaume wakakata miti na fito, wanawake tukateka maji na kukanyaga udongo. Haikupita wiki nyumba ikasimama, imekandikwa. Kwa hilo siwalaumu.

Balaa lilianza baadaye. Kila pembe ya msaragambo ilipolia, mume wangu alitoka na jembe, na kila mara balozi wa nyumba kumi alimwambia, "Shujaa, wewe pumzika." Wakamwekea kiti kivulini. Kiti jamani! Mtu mzima kakalishwa kama bibi harusi, wenzake wanatoka jasho. Akaacha kwenda. Akawa anashinda ndani, hasemi, chakula hagusi. Nilimwogopea kuliko alipokuwa vitani, maana kule angalau alitaka kurudi.

Kwetu asiyetokea kazini hutozwa kuku wa kupikiwa waliofanya kazi. Hata wajane walitozwa. Mlangoni kwetu hakuja mtu. Uvumilivu ukanishinda, nikaenda kwa balozi.

"Shikamoo, mzee. Mbona hamjaja kuchukua kuku?"

"Marahaba. Aa, mwanangu, mumeo tumemsamehe."

"Kakosa nini hata asamehewe? Asiyetozwa ni marehemu. Kama mmeshamzika niambieni, nikakae eda!"

"Astaghafirullahi!" Mzee wa watu akabaki kashika kiuno. Niliondoka bila kuaga, na sikujuta.

Pembe ilipolia tena, mume wangu hakutoka. Jioni balozi akaja mwenyewe na vijana wawili, uso kaukunja.

"Leo hukuonekana kazini. Toa kuku."

 Nilidhani mume wangu atawatukana. Aliinuka, akaenda uani. Tukasikia kuku wanapiga kelele. Akarudi kamshika miguu tetea wangu, yule yule anayetaga, majogoo wote kawaacha.

"Huyu hapa," akasema. "Kesho kazi ni wapi?"

"Lamboni. Tunatoa tope."

"Nitakuja."

Walipoondoka akaniuliza kuna nini cha kula. Nikaenda jikoni kusonga ugali, nikalia mpaka kamasi. Watoto wakanibembeleza, wakidhani namlilia kuku.