Rubani wa Kijerumani Nyumbani Kwetu

Mwaka ule hatukula mezani. Mume wangu, fundi katika karakana ya mabasi hapa Toronto, alikuwa ameijaza meza yetu vijiti, gundi na vipande vya kitambaa. Alikuwa akiunda ndege ndogo, mfano wa ile iliyorushwa na rubani mmoja wa Kijerumani katika vita vya kwanza vya dunia. Tulikula kwenye kochi, sahani mapajani, na nyumba nzima inanuka vanishi.

Ndege ningeivumilia. Aliyenichosha ni rubani. Narudi kutoka kazini, kutwa nimewainua wazee vitandani kwenye makao yao, na kabla sijavua koti naanza kupewa habari zake: baba yake alikuwa na kinu cha unga; aliingia jeshini kama askari wa farasi, na farasi walipokosa kazi kwenye mahandaki, akaomba kupelekwa kwenye ndege. Mwanzoni alipiga picha tu kutoka angani. Halafu wakamfungia bunduki ya rashasha nyuma ya propela, risasi zikawa zinapita katikati ya mapanga yanayozunguka.

"Zinapitaje bila kuyakata?" niliuliza siku moja. Nilijuta. Alieleza mpaka wali ukapoa, na binti yetu akachukua sahani yake akaenda kumalizia chakula chumbani.

Siku nyingine nilishindwa kuvumilia. "Babu wa babu yangu, Wajerumani hao hao walimbebesha masanduku ya risasi, kule kwetu Afrika, katika vita hivyo hivyo. Mbona yeye humsimulii?"

"Sina habari zake," alisema. "Nipe, nitazisimulia."

Sikuwa nazo. Hata jina lake nyumbani kwetu hakuna anayelijua. Nilikwenda kuosha vyombo, na nilivigonganisha makusudi.

Kisha chama cha waunda ndege ndogo wenzake kilimwalika akazungumze maktaba, Jumamosi. Nilibadilishana zamu na mwenzangu ili niende. Alivaa suti yake ya harusi. Alisimama mbele ya watu wachache na kueleza vizuri kuliko nilivyotarajia: nishani aliyopewa yule rubani, wenzake waliokufa mmoja mmoja, na namna alivyokuwa akitapika kabla ya kuruka. Kisha siku ya mwisho. Bunduki iliacha kwenda sawia na mzunguko wa propela, risasi zikakata mapanga ya ndege yake mwenyewe, injini ikatikisika mpaka mabawa yakachanika.

Mzee mmoja wa mstari wa mbele aliinua mkono. "Aliangusha ndege ngapi?"

"Si nyingi," mume wangu alijibu. "Lakini ile bunduki, ningependa niwaonyeshe..."

Watu walikuwa wameshainuka kufuata kahawa. Aliendelea kueleza huku ameshika kijiti chake cha kuonyeshea, na mbele yake viti vitupu. Nilikuwa nimeomba mwaka mzima anyamaze. Sasa nilitamani kuwarudisha wale watu kwenye viti vyao kwa nguvu.

Kituoni theluji ilikuwa inaanguka, na basi la kwanza lilitupita likiwa limejaa.

"Hawakuuliza habari za fundi," alisema.

"Fundi gani?"

"Aliyeifunga ile bunduki. Asubuhi ile aliikagua, akamwambia rubani iko sawa. Lazima kulikuwa na mtu. Nimemtafuta katika vitabu vyote, hayumo. Mimi kila siku natia saini kwamba breki ziko sawa, mama, na basi linatoka na watu."

Nilimtazama. Mwaka mzima ananihubiria farasi na nishani, na jambo lenyewe ndilo hili.

"Kwa nini hukuniambia hivyo tangu mwanzo?"

"Nilidhani unajua."

Ningejuaje? Basi la pili lilipokuja tulipata nafasi ya kusimama tu. Kabla hatujafika kituo cha Finch alikuwa ameanza kunieleza ndege nyingine anayotaka kuunda, kubwa zaidi, yenye mabawa mawili kila upande. Yule fundi hakumtaja tena. Niligeukia dirishani, nikaangalia nje mpaka tukashuka.