Mahindi ya Shangazi na Sura ya Nne

Nilinunua kitabu alichoandika mwenzangu mjini Bungoma, nikakisoma kwa kutafuta makosa. Nilipata mawili ya herufi, nikafurahi mpaka nilipofika nyumbani Kitale. Tulisoma chuo kikuu kimoja. Mimi nikaandika insha kuhusu barabara mbovu na ndevu za wabunge. Yeye akakusanya habari za wanawake waliopitia vita vya ardhi vya huko mlimani, karibu na Sirisia. Sasa ana vitabu vitatu. Mimi nina safu gazetini, inayoondolewa kila tangazo la mbolea likija.

Sura ya nne ikanimaliza. Jina halikuwepo, lakini mwanamke aliyefukia sufuria zake shambani kabla ya kukimbia, akarudi akakuta mahindi yameota pale alipozifukia, ni shangazi yangu wa Sirisia. Miaka sita nimemwomba habari hiyo, naye hunijibu neno moja: "Yalipita."

Jumamosi nikaenda kwake kudai haki yangu. Alikuwa mkekani akipukuchua mahindi.

"Shangazi, mbona ukamwambia mgeni, mimi ukaninyima?"

"Mgeni gani? Yule alinipukuchulia gunia mbili. Wewe mtoto ya ndugu yangu ulikuja na naibu chifu."

Nikasema nilifuata utaratibu.

"Ukakaa kwa kiti, ukafungua daftari. Ati jina yangu yote, na ya mzee, na watoto ni wangapi. Si hivyo ndio waliuliza wale wapiganaji wa usiku? Na wale askari walikuja mchana kuwatafuta, hao pia walikuwa na daftari."

"Ungeniambia basi."

"Nikuambie, na huyo naibu chifu amesimama hapo?"

Nikavua viatu, nikaketi mkekani. Baada ya mahindi matatu kidole gumba kikaanza kuchubuka.

"Hiyo ni vidole ya ofisi," akasema. "Mwenzako alikuwa na mikono."

Nikameza hilo pia. Tukapukuchua mpaka beseni likajaa. Ndipo akasema, kama anayeongea na mahindi, "Ile sufuria kubwa, ya kupikia watu wa matanga, sijaipata mpaka leo. Nilisahau mahali nilichimba."

Habari hiyo haikuwemo kitabuni. Nilikuwa na hakika. Sura hiyo nilikuwa nimeisoma mara nne. Mkono wangu ukaenda wenyewe mfukoni, ilipo kalamu.

Aliuona. Akanisogezea hindi lingine.