Mkanda wa Mwisho wa Yule Mjapani

Nilipokuwa kijana Bukavu, padri alituonyesha filamu za Kijapani kila Jumapili. Shule niliishia la tatu, Kijapani sikujua hata neno, lakini sauti nilikuwa nayo. Basi nikasimama kando ya shuka jeupe, nikawaeleza watu kinachosemwa. Nilikuwa nakisia tu.

Iko mwigizaji mmoja tulimfuata miaka mingi. Kwanza alikuwa wa kukatwa upanga mwanzoni tu, bila neno. Baadaye akapewa maneno mawili, halafu farasi, halafu filamu nzima ikawa yake. Mikanda ilifika ovyo, wiki hii mzee, wiki ijayo kijana, tukabishana maisha yake yalipangwaje. Katika filamu yake kubwa maadui wanamzunguka, yeye anarudisha upanga alani, anawapa mgongo, anaenda zake polepole. Hapo mkanda ukaisha. Mkanda wa mwisho wa filamu hiyo haukufika. Watu wakanitazama, nikasema hakuna aliyethubutu kumgusa.

Rafiki yangu Mateso akaushika ule mwendo wa polepole. Alioa nao, niseme hivyo. Vita ya kwetu ilipotukimbiza akaja nao mpaka Durban, Afrika Kusini, na mwaka 2015 tulikuwa wazee wawili pale Umbilo, yeye na meza yake ya kutengeneza simu, mimi na sigara zangu za kuuza, bado tunabishana filamu ipi ilitangulia.

Mchana mmoja maduka yakaanza kufungwa. Wanaume walikuwa wanashuka na fimbo na mapanga, wanatusaka sisi wageni.

Akina mama wa saluni ya jirani wakanivuta ndani. Mateso alibaki kukusanya simu za wateja.

Kufuli likafungwa.

Wakamzunguka. Akageukia nondo za mlango wa saluni, akaniuliza taratibu, kama tuko kwenye ubishi wetu:

“Kaka, yule hawakumgusa, si ndiyo?”

Ningeweza kusema sijui. Ningeweza kusema kimbia.

“Hawakumgusa,” nikasema.

Tulimtafuta hospitalini, polisi, hata chumba cha maiti. Mke wake, anayefagia nyumba za watu Morningside, bado ananiuliza alisema nini mwisho. Namwambia alisema simu za watu. Uongo wa pili huo.

Siku ile, nilipomjibu, alitia bisibisi mfukoni mwa shati, akawapa mgongo, akaenda polepole hadi kwenye robot, zile taa za barabarani. Nao wakamfuata. Akakata kona, hakugeuka.

Hakurudi.