Skurubu ya Saa ya Baba

Enzi zetu pale Kaloleni, mgeni akiketi sebuleni aliinua macho kwanza, akasoma ukuta. Picha ya harusi, picha ya kipaimara, kalenda tatu za miaka iliyokwisha, vitambaa vilivyofumwa maua. Picha zilitundikwa juu karibu na dari, zimeinama kidogo ili zitutazame vizuri. Vijana wa siku hizi wana kuta nyeupe tupu na wanasema ndio mtindo. Sisi tungedhani wanahama.

Kwetu kulikuwa na saa kubwa ya mbao yenye kengele. Baba alipewa kazini baada ya utumishi wa miaka mingi, na alipofariki, kengele ile ndiyo iliyobaki kuvunja ukimya wa nyumba. Shida ilikuwa ukuta. Plasta ilikuwa kuukuu, ukipiga msumari unapata tundu la kuingiza kidole na mchanga kichwani. Saa ilianguka mara mbili, zote kwenye kochi.

Mama akatumia dawa ya majirani wote: ugali wa jana. Alijaza tundu, akachomeka msumari, ugali ukakauka ukawa jiwe. Tulijisifu wiki mbili nzima, mpaka panya walipogundua kwamba tumewaandalia chakula ukutani. Saa ikaanguka mara ya tatu, na safari hii ilimwangukia begani Baba Mdogo, ndugu yake Baba, akinywa chai.

"Shemeji, hii ukuta yenu ni biskuti," alisema akijipangusa. "Saa ya ndugu yangu itavunjika bure. Wacha niende nayo Bondo, kwangu kuna ukuta ya maana."

Mama aliweka kikombe chini. "Kuja Jumapili ya mwisho wa mwezi, ukuje na Dani. Ukipata imeanguka, beba."

Dani ndivyo tunavyomwita bibi kwa Kijaluo; wetu, mama yao Baba na Baba Mdogo, aliishi Kombewa. Mimi nilikuwa msichana wa miaka kumi na moja, na usiku ule nilikosa usingizi kwa hasira. Baba alikuwa ameshakwenda. Sikutaka na saa yake iende.

Siku chache baadaye Mama alikuwa anatengeneza jembe lililolegea. Alichonga kipande cha mti mkavu, akakigongomea kwenye mpini, jembe likakazika. Nikamwuliza mbona ukuta haupigwi kabari. Akachukua nyundo na tindo, kile chuma cha kutobolea ukuta, akaingia ndani.

Aligonga tindo taratibu, akiizungusha kila pigo, maana ukipiga kwa hasira plasta yote inashuka. Hakuishia kwenye plasta, alichimba mpaka akaingia kwenye tofali lenyewe. Mimi nilipewa bomba la biro nipulize vumbi, na nusu yake nililila. Akachonga mti mkavu, mnene kidogo kuliko tundu, akaugongomea mpaka ukawa sawa na ukuta. Skurubu aliipaka sabuni ya kufulia, kisha akaikaza kwa bisibisi. Mti ulilia polepole, na Mama akaanza kuimba wimbo wa kanisani.

Jumapili ile Baba Mdogo alikuja na blanketi la kufungia saa. Aliivuta, akaitikisa, akaivuta tena. Dani naye akasimama. Aliitoa saa akanipa niishike, akachukua kikapu alichotoka nacho Kombewa, kimejaa viazi vitamu, akakitundika kwenye skurubu. Kisha akaketi. Akala samaki, akala ugali, akaomba mchuzi mwingine. Sisi wengine hatukumeza kitu, macho yote kwenye kikapu.

Aliponawa mikono ndipo akasema, "Saa inakaa hapa, kwa nyumba ya mtoto wangu."

Baba Mdogo alikunja blanketi lake. Mimi nilishangilia mpaka nikaambiwa ninyamaze. Tangu siku hiyo kila jirani mwenye tundu la ugali alikuja kumwita Mama, nami nilimfuata na biro yangu sikioni, nikiringa kupita kiasi.

Sasa saa iko kwangu, upande wa pili wa mji. Mwanangu ana drili ya umeme na plug, vile viplastiki vya kuingiza ukutani, vya kila rangi. Juzi alitundika picha ya babu yake kwa dakika tano, simu sikioni. Mama, ambaye sasa anatembea na mkongojo, alikuja Jumapili, akaishusha picha, akampa kijana kikapu chake cha viazi akitundike. Viazi vilitapakaa sebule nzima.

"Dani, lakini hizo plug ni original," mtoto alilalamika.

"Umeshika plasta tu," Mama alimjibu. "Kwa tofali hukufika."

Akaagiza tindo, kisu na mti mkavu. Enzi zile hazirudi, najua. Bibi yetu wa Kombewa hayupo, Baba Mdogo hayupo, na nyumba ya Kaloleni ina watu wengine. Nilikwenda kutafuta biro, na niliporudi saa ya Baba ilikuwa inagonga saa tisa alasiri. Mwanangu alikuwa ameweka simu chini. Alinyoosha mkono, akapokea lile bomba, akainama kwenye tundu kupuliza vumbi.