Mawe ya Foleni

Miaka ile ya foleni, sukari tuliipata kwenye duka la ushirika mtaani kwetu, Kariakoo. Hukuwa na haja ya kusimama juani tangu alfajiri. Uliweka jiwe lako kwenye mstari, ukarudi kupika. Jiwe lilikuwa mtu, na ole wako ulisogeze la mwenzio.

Asubuhi moja jiwe langu lilikuwa karibu kabisa na mlango, nyuma ya tofali la mama mmoja jirani yangu. Tulikuwa tumekaa barazani tukipiga soga, mume wangu akatokea na mkokoteni wa punda kutoka Magomeni, magunia ya mkaa yamejaa kupita kiasi. Nilishamwambia mara nyingi kwamba punda si lori. Alinijibu kwamba mbona punda halalamiki. Basi siku hiyo alilalamika. Alipiga magoti mbele ya foleni, akalala, mzigo wote ukamsogelea shingoni.

"Mvuteni mkia!"

"Mmiminieni soda mdomoni!"

Kariakoo haikosi waganga.

Mimi nimezaliwa Kondoa, kwenye punda wengi. Niliona mkanda unamkaba koo na magurudumu yanazidi kusogea. Mume wangu alisimama na fimbo mkononi, ametoa macho. Tulikula kwa mgongo wa punda yule, hatukuwa na mwingine.

"Zuieni magurudumu!" nilipiga kelele. Watu wakatazamana tu. Nikaokota jiwe la karibu, na lililofuata, na lililofuata, nikayasukumia chini ya magurudumu. Hapo ndipo foleni ilipozinduka.

"We mama, jiwe langu hilo!"

"Punda anakufa!"

"Na sukari je?" jirani yangu alinifokea. "Nimeamka kabla ya adhana kwa ajili ya tofali hili!"

Nikalichukua na tofali lake.

Nilikata mkanda kwa kisu cha muuza mchicha, tukashusha magunia. Mwenye soda nilimfukuza, maana punda aliyelala ukimmiminia kitu mdomoni kinaingia mapafuni. Tulimwekea kivuli kwa kanga, tukammwagia maji shingoni na miguuni, taratibu.

"Dada, asante ya punda mateke," bwana mmoja akanitania. Nikamwambia ashike kanga vizuri.

Mume wangu alilaza sikio ubavuni mwa mnyama wake, akalia mbele za watu. Sikuwahi kumwona hivyo. Hasira zikanishuka, nikamhurumia.

Punda aliinuka mwenyewe, miguu ikitetemeka, akanywa maji kidogo kidogo kwenye debe. Duka nalo lilikuwa limefunguliwa. Bila mawe, kila mtu alikuwa wa kwanza. Walisukumana, wakatukanana, sukari ikaisha. Mimi nilikosa, na jirani yangu alikosa. Alipita mbele yangu bila salamu, ikaniuma sana, kwa sababu tulikuwa tukiazimana hata chumvi.

Tulikunywa chai isiyo na sukari. Mume wangu akapunguza magunia bila kuambiwa.

Sukari ilipokuja tena nilichelewa, nikakuta mstari umepinda kona. Nikainama kuweka jiwe langu mkiani. Jirani yangu akaniita kutoka mlangoni. Nyuma ya tofali lake palikuwa na tofali jingine.

"Lako hilo," alisema. "Na punda wenu akianguka leo, anza na hilo."